Kodi ya Gemu, Kodi ya Nyumba

Malipo yangu ya kwanza ya kuandika yalikuwa shilingi 6,000. Elfu tatu nilimpa landilodi apunguze kelele. Elfu moja mia mbili ikaishia kwa unga, mafuta na stima. Zilizobaki, 1,800, nikamnunulia mdogo wangu gemu ya magari, zawadi ya kumaliza KCSE.

Kusema kweli sikununua gemu. Nilinunua msimbo: herufi na namba 15, makundi matatu ya tano tano, yaliyoletwa kwa barua pepe. Duka rasmi lilitaka zaidi ya elfu nne. Mimi niliupata kwa muuzaji nisiyemjua, kwenye soko fulani la mtandaoni. Dogo akabandika msimbo kwenye Steam, Steam ikakubali, na usiku ule tulishindana mbio hadi saa nane. Alinishinda karibu zote.

Baada ya mwezi mmoja na kitu alinipigia kutoka nyumbani Nakuru. Gemu imetoweka. Kwenye akaunti kuna ujumbe kwamba msimbo umefutwa.

"Brathe, si ulisema umeinunua?"

Risiti nilikuwa nayo. Meseji ya M-Pesa nilikuwa nayo. Jibu sikuwa nalo. Nimelitafuta tangu siku hiyo, na limenirudisha nyuma zaidi ya miaka 30.

Kwanza niseme nilikotoka. Kwenye saiba nilikokulia, bob moja kwa dakika, kodi tulizozijua zilikuwa za kudanganya gemu. Ukicheza San Andreas ukiandika HESOYAM, unapona na mfuko unajaa dola 250,000. Kila kijana alikuwa na orodha nyuma ya daftari la hesabu. Gemu yenyewe ilihama kutoka flashi hadi flashi, na hakuna aliyeuliza imetoka wapi. Nilikuwa nimeshaacha chuo, mwaka wa pili, karo imenishinda, ndipo nikaanza kuishi na kodi za aina nyingine: zile zinazosimama mlangoni kabla gemu haijafunguka.

Mlango huo ulianza ukiwa wa karatasi. Miaka ya 1980 kunakili diski ilikuwa kazi ya dakika chache, kwa hiyo kampuni zikaficha kibali nje ya diski. Gemu ilikuuliza: fungua kitabu cha maelekezo, ukurasa wa 12, mstari wa 5, andika neno la tatu. SimCity ya 1989 ilikuja na karatasi ya rangi nyekundu iliyokoza, ili ukiipeleka fotokopi utoke na weusi mtupu. The Secret of Monkey Island ya 1990 ilikuja na gurudumu la karatasi lenye nyuso za maharamia zilizokatwa nusu. Unalizungusha mpaka uso ufanane na ule wa kwenye skrini, kisha unasoma mwaka kwenye kidirisha na kuuandika.

Ilikuwa kero, na ukipoteza karatasi umeisha. Lakini kibali kilikaa mkononi mwako. Ungeweza kumwazima jirani gurudumu, ungeweza kuliuza pamoja na diski. Kampuni ikifilisika kesho, gurudumu linaendelea kuzunguka.

Miaka ya 1990 CD zikaingia, na karatasi ikageuka namba iliyochapishwa kwenye kasha. Sasa aliyepima ukweli wa namba ni programu yenyewe, kwa hesabu. Nyingine zilikuwa hesabu za darasa la nne. Ufunguo wa Windows 95 ya dukani ulikuwa na sehemu ya tarakimu saba, na kilichohitajika hasa ni jumla ya tarakimu hizo igawanyike kwa saba bila baki. Moja saba mfululizo zinatosha. StarCraft ya 1998 ilikuwa na ufunguo wa tarakimu 13, ambapo ya mwisho ilihakiki zile 12 za mbele. Aliyeigundua hesabu angeweza kutunga funguo zake mwenyewe, na ndivyo vilivyozaliwa vile viprogramu vya kutengeneza funguo, vyenye kamuziki ka bipu-bipu, ambavyo wengi wetu tumevisikia kwenye kompyuta ya jamaa fulani na tukajifanya hatujui ni vya nini.

Kama una mita ya tokeni nyumbani, unaelewa tatizo la kampuni. Tokeni ya stima ni tarakimu 20. Unazibonyeza, na mita inaamua yenyewe, bila kumpigia mtu simu. Lakini tokeni imefungwa kwa namba ya mita yako. Ukimpa jirani, haimsaidii. Ufunguo wa CD haukujua mita ya mtu yeyote. Ulifungua kompyuta moja, ukafungua na mia.

Kwa hiyo kampuni zilihitaji kumpa kila mchezaji mita. StarCraft ilikuwa imeanza njia hiyo: ukiingia Battle.net kucheza na wengine, ufunguo mmoja ulimruhusu mtu mmoja tu kwa wakati. Valve ikaimaliza safari. Steam ilizinduliwa Septemba 2003, na Novemba 2004 ikatoka Half-Life 2, ambayo haikufunguka bila Steam, hata kama umenunua kasha dukani na CD zote ziko ndani. Ilibidi kwanza uingie mtandaoni, ufungue akaunti, uweke msimbo, seva ikubali.

Wakati huo Kenya ilitegemea setilaiti. Nyaya za chini ya bahari hazikutua Mombasa hadi 2009. Fikiria mtu wa Nairobi mwaka 2004, amelipa pesa halali kwa kasha halali, halafu aombe ruhusa Marekani kupitia intaneti ya kukatika-katika. Yule wa flashi, wakati huo, anacheza tu. Watu wa mtaani mwetu hawakuikimbia njia halali kwa sababu wana roho mbaya. Kwanza ilikuwa ghali, halafu haikuwafikia.

Hata kwa wenye intaneti nzuri mambo yalichacha. Spore ilitoka Septemba 2008 ikiwa na kikomo cha kuwashwa mara tatu. Ukibadilisha mashine au ukifomati mara kadhaa, uanze kuwabembeleza huduma kwa wateja. Wateja wakamiminika Amazon kuipa nyota moja moja, na EA ikaongeza kikomo hadi mara tano. Waliopakua nakala ya wizi hawakuhesabiwa chochote.

Sasa turudi kwa 1,800 yangu. Msimbo ukishakuwa kitu cha kutumwa kwa barua pepe, unakuwa bidhaa, na bidhaa huzaa soko la pili. Mengine humo ni halali: watu wanauza misimbo ya ziada waliyopata kwenye ofa. Lakini kuna mchezo mwingine. Mtu anaiba namba za kadi ya benki, ananunua misimbo mingi, anaiuza haraka kwa bei ya kutupa. Mwenye kadi akistuka, benki inarudisha pesa yake. Aliyeuza gemu anabaki bila malipo, na silaha aliyonayo ni kufuta misimbo. Januari 2015 Ubisoft iliondoa gemu kwenye akaunti za wachezaji kwa sababu hiyo, kisha ikawarudishia wale waliokuwa wameshaanza kucheza. Dogo hakurudishiwa. Mwizi alishalipwa, benki imeshamaliza kazi yake, na wa mwisho kwenye foleni ni kijana wa Nakuru aliyebandika herufi 15 kwa furaha.

Ningeweza kuishia hapo na funzo: nunua duka rasmi. Ni funzo zuri, lifuate. Lakini halimjibu dogo, kwa sababu swali lake linawahusu hata walionunua duka rasmi.

The Crew, gemu nyingine ya magari, ilitoka Desemba 2014. Tarehe 31 Machi 2024 Ubisoft ilizima seva zake, na kwa kuwa gemu ilitegemea seva hata ukicheza peke yako, ikafa kwa kila mtu. Wiki chache baadaye leseni zikaanza kuondolewa kwenye akaunti. Hawa walilipa bei kamili. Mwaka huohuo jimbo la California lilipitisha sheria kwamba duka la dijitali lisikwambie "nunua" bila kukueleza wazi kwamba unachopata ni leseni. Sheria ilianza kutumika Januari 2025, na hata kabla ya hapo Steam ilikuwa imeanza kuandika hivyo pale unapolipia.

Tazama safari yenyewe. Aliyeamua kama unaruhusiwa alikuwa karatasi mezani kwako, akawa hesabu ndani ya CD yako, akawa seva ya watu usiowajua. Kila hatua ilikuwa na sababu inayoeleweka. Kila hatua pia ilimsogeza mwamuzi mbali na wewe.

Kuna walioijaribu njia nyingine, na hawakutoka mji wa kitajiri. CD Projekt ilianza 1994 mjini Warsaw, Poland, wakati masoko ya barabarani yalijaa gemu za kunakili, na sheria ya kulinda programu ndiyo kwanza inapitishwa mwaka huo. Walijifunza kumshawishi mteja badala ya kumfungia mlango. Mwaka 1999 walitoa Baldur's Gate kwa Kipolandi, na sauti za waigizaji wanaojulikana kwao, kasha likiwa limejaa vitu vya kushika. Mwaka 2008 wakafungua duka la GOG: unalipa, unapakua faili, unaihifadhi unapotaka, haimuulizi mtu yeyote ukiifungua. Kisheria hata hiyo ni leseni. Tofauti ni kwamba hakuna wa kuja kuichukua usiku.

Mtaani "code" tunaitamka kodi, neno lilelile la landilodi. Nilikuwa nikiliona kosa la matamshi. Siku hizi naona tulipatia. Jibu kwa dogo ni hili: hapana, sikuinunua. Niliipangisha, tena kwa dalali.

Krismasi nilipokwenda nyumbani nilimpelekea gemu nyingine ya zamani, niliyoilipia GOG dola tano na senti kadhaa, ikiwa kwenye flashi kama enzi za saiba. Aliichomeka kwenye laptopu, akangoja, kisha akaniuliza kodi iko wapi.

Nikamwambia hii haina.