Jinsi nguvu na mwendo wa kiwiko na kifundo cha mkono unavyopimwa

KATIKA kata ya Suma, wilayani Rungwe, kama ilivyo katika vijiji vingi vinavyouzunguka mji wa Tukuyu, mkono ndio mtaji wa kwanza wa mkulima. Chai huchumwa kwa vidole, mkungu wa ndizi hubebwa begani, na parachichi hufuatwa juu ya mti. Anayeanguka na kuumia kiwiko au kifundo cha mkono anaweza kupoteza msimu mzima.

Mfupa ukishaunga na plasta ngumu, maarufu kama hogo, kuondolewa, mtaalamu wa fiziotherapia hutafuta majibu mawili: kiungo kinakwenda umbali gani, na misuli inakiendesha kwa nguvu kiasi gani. Mambo hayo hupimwa mbalimbali, kwa kuwa kiungo kinaweza kuwa laini huku misuli imepooza, au misuli ikawa hai huku kiungo kimekakamaa.

Mwendo hupimwa kwa nyuzi, kwa kutumia goniometa, kifaa mfano wa rula mbili zilizounganishwa kwenye kipimapembe. Kiwiko cha mtu mzima mwenye afya huanzia nyuzi 0 kikinyooka hadi nyuzi 140 au 150 kikikunjwa. Kifundo hukunjwa kuelekea kiganjani nyuzi 80 hivi, na kuinuliwa upande wa pili nyuzi 70 hivi. Kiganja hugeuzwa juu na chini takriban nyuzi 80 kila upande, lakini kiwiko sharti kikunjwe na kubanwa ubavuni, vinginevyo mgonjwa huazima mwendo wa bega na kumdanganya mpimaji.

Hata hivyo, takwimu hizo si amri. Kipimo cha kuaminika zaidi ni mkono mzima wa mgonjwa huyo huyo. Aidha, shughuli nyingi za kila siku, ikiwamo kula na kunawa uso, hufanyika kiwiko kikiwa kati ya nyuzi 30 na 130.

Nguvu hupewa daraja kuanzia 0 hadi 5, utaratibu uliosambazwa na Baraza la Utafiti wa Tiba la Uingereza mwaka 1943, wakati majeruhi wa Vita Kuu ya Pili wakitibiwa neva zilizokatika. Sifuri ni misuli isiyoshtuka kabisa, na 1 ni mshtuko tu usiosogeza kiungo. Daraja la 2 ni mwendo unaowezekana mkono ukiwa umelazwa mezani, yaani bila kupambana na uzito wake. Mwenye 3 huuinua mkono dhidi ya uzito huo, mwenye 4 huhimili pia msukumo kiasi wa mpimaji, na 5 ni nguvu kamili. Kipimo hiki hakihitaji kifaa chochote, hivyo hata zahanati ya kijijini inaweza kukifanya.

Udhaifu huonyesha pia neva iliyoumia. Kifundo kinachoning'inia bila kuinuka, hasa baada ya mfupa wa juu ya kiwiko kuvunjika, huashiria neva inayouzunguka mfupa huo. Kidole kidogo kinachoshindwa kutanuka huelekeza kwenye neva ipitayo nyuma ya kiwiko, ambayo hushambuliwa pia na ukoma. Kwa wagonjwa wa ukoma kipimo hiki ni cha lazima, kwani udhaifu uliogunduliwa kabla ya miezi sita unaweza kutibiwa kwa dawa ya prednisoloni, na ukichelewa matumaini hupungua sana.

Mkono ulioumia leo haupimwi kwa kulazimishwa. Mtoto aliyeanguka mtini na kuvunjika juu kidogo ya kiwiko, akafungwa vijiti kwa kubana mno, anaweza kupoteza misuli ya mkono ndani ya saa chache. Dalili zake ni maumivu makali yanayozidi vidole vinaponyooshwa, ganzi, na vidole kuwa baridi au kupauka. Mtoto huyo afunguliwe bandeji mara moja na kuwahishwa hospitali. Kuchua kiwiko kibichi kwa nguvu nako huweza kusababisha mfupa kuota ndani ya misuli, na kiungo kikabaki kimekaza.