Utafutaji wa kina na nywila zilizovuja
Utafutaji wa kina ni kutumia amri za injini ya utafutaji, kama site: na filetype:, kuchuja matokeo kwa tovuti au aina ya faili. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 Johnny Long, Mmarekani, alionyesha kwamba njia hiyo hufichua hata nywila. Wapo wanaoilaumu Google, lakini injini husoma kilichoachwa wazi. Wengine hutegemea robots.txt, faili inayoziomba injini zisipite sehemu fulani za tovuti; hiyo haifungi mlango, huonyesha tu ulipo. Kufuta faili yenye nywila pekee hakutoshi, maana huenda imeshanakiliwa: nywila ibadilishwe kwanza. Nchini Tanzania, Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 inamtaka mkusanyaji azilinde taarifa alizokusanya.