IFAHAMU NYAMBIZI YA KWANZA YA NYUKLIA KUZAMISHA MELI YA ADUI VITANI

Ilikuwa Jumapili, Mei 2, 1982, saa kumi kasoro dakika tatu alasiri, kusini kabisa mwa Bahari ya Atlantiki. Baridi kali, bahari imeanza kuchafuka. Manowari ya Argentina iitwayo General Belgrano ilikuwa inaelekea magharibi, upande wa nyumbani, ikiwa na watu zaidi ya 1,000. Wapo waliokuwa kazini, wapo waliojilaza, wapo waliokuwa sehemu ya mapumziko. Hakuna hata mmoja aliyejua kwamba kilomita moja na ushee kutoka pale, chini ya maji, kulikuwa na watu waliowafuata kimyakimya tangu jana yake.

Watu hao walikuwa ndani ya HMS Conqueror, nyambizi ya Uingereza inayotumia nguvu za nyuklia. Dakika chache baadaye ikaingia kwenye historia kama nyambizi ya kwanza ya aina yake kuzamisha meli ya adui vitani. Ilikotoka mpaka kufika pale, na yaliyofuata baada ya pale, ndiyo yanayofanya kisa hiki kibishaniwe mpaka leo.

NYUKLIA HAPA NI INJINI, SI BOMU

Wengi wakisikia "nyambizi ya nyuklia" moja kwa moja wanawaza bomu la nyuklia. Ni kweli zipo nyambizi zinazobeba makombora hayo, na kazi yake ni kujificha baharini zikisubiri amri ambayo kila mtu anaomba isije. Lakini kuna aina ya pili, nyambizi ya mashambulizi. Hii kazi yake ni kuwinda. Inafuata meli, inafuata nyambizi nyingine, inapeleleza, inabeba makomando usiku. Neno "nyuklia" kwenye jina lake linahusu mtambo unaoisukuma.

Kinachofanyika ndani ni hiki. Kwenye kinu, urani inatoa joto kubwa. Joto linachemsha maji, maji yanakuwa mvuke, mvuke unazungusha mitambo, mitambo inazungusha panga la nyuma. Hakuna moto unaowaka, kwa hiyo hewa haihitajiki. Na hapo ndipo siri yote ilipo.

Nyambizi za zamani zilitumia injini za dizeli. Dizeli inataka hewa, kwa hiyo zilipokuwa chini zilitegemea betri, na betri zikiisha nguvu ilibidi zipande juu, au angalau zitoe bomba la kuvutia hewa, ili kuchaji upya. Yaani kwa ukweli zilikuwa meli za kawaida zenye uwezo wa kuzama kwa muda. Zikipanda juu, zinaonekana. Zikionekana, zimekwisha.

Ya nyuklia haina shida hiyo. Maji ya kunywa inasafisha kutoka baharini. Oksijeni inatengeneza kwa kuyapasua maji hayo kwa umeme, na hewa chafu inachujwa. Kitu pekee kinachoilazimisha kurudi bandarini mapema ni chakula cha watu. Mtambo unaweza kwenda miaka, lakini baharia lazima ale.

ALIYEANZA NI MMAREKANI

Ya kwanza duniani ni USS Nautilus ya Marekani. Ilishushwa majini Januari 21, 1954, na Januari 17, 1955 ikaondoka bandarini kwa mara ya kwanza ikisukumwa na nguvu za nyuklia. Mwaka huohuo ikasafiri kutoka New London mpaka San Juan, Puerto Rico, zaidi ya maili 1,300, bila kuibuka hata mara moja, kwa muda usiofika saa 90. Wanamaji wa enzi hizo walishika vichwa. Agosti 3, 1958 ikafanya kubwa zaidi: ikapita chini ya barafu mpaka Ncha ya Kaskazini ya dunia ikiwa na watu 116 ndani.

Wasovieti hawakulala. Nao wakaja na K-3 mwishoni mwa miaka ya 1950. Waingereza wakafuata na HMS Dreadnought, iliyoanza kazi mwaka 1963. Hii ilikuwa na kichekesho chake: mbele ilikuwa ya Kiingereza, lakini sehemu ya mtambo nyuma ilitoka Marekani. Mabaharia wakaweka kibao katikati kilichoandikwa Checkpoint Charlie, kama kile kituo maarufu cha mpakani Berlin, kana kwamba ukivuka pale umeingia nchi nyingine.

Lakini mchezo huu haukuwa wa bure. Aprili 10, 1963 USS Thresher ilizama ikiwa kwenye majaribio, watu 129 wakafa. Mwaka 1967 moto ulizuka ndani ya K-3, wakafa 39. Mei 1968 ikapotea USS Scorpion na watu 99. Hakuna adui aliyezipiga. Bahari yenyewe ilitosha.

KUTOKA SCOTLAND MPAKA MWISHO WA DUNIA

Aprili 2, 1982 Argentina ilivamia visiwa vya Falkland, ambavyo yenyewe inaviita Malvinas na kudai ni vyake, ingawa vilikuwa chini ya Uingereza. Kutoka Uingereza mpaka huko ni karibu kilomita 13,000. Meli za kawaida zingechukua wiki kadhaa, na kila mtu angeziona zikipita.

Conqueror iliondoka kituo chake cha Faslane, Scotland, Aprili 4, siku mbili tu baada ya uvamizi. Ndani ilibeba mabaharia mia moja na ushee pamoja na makomando. Ikazama na kupotea. Katika muda wa wiki mbili hivi tayari ilikuwa maeneo ya South Georgia, upande wa pili wa dunia, bila kujaza mafuta popote.

Linganisha na yaliyoikuta nyambizi ya Argentina iitwayo Santa Fe. Hii ilikuwa ya dizeli, kuukuu, iliyonunuliwa kutoka Marekani. Aprili 25 helikopta za Uingereza ziliikuta imeibuka juu ya maji jirani na South Georgia, zikaishambulia mpaka ikajikokota kurudi gatini ikiwa hoi. Bahari ileile, mwezi uleule. Mmoja alilazimika kuibuka, mwingine hakulazimika.

MTEGO

Uingereza ilitangaza eneo la maili 200 za baharini kuzunguka visiwa: meli ya Argentina ikiingia humo, isilaumu mtu. Aprili 23 ilituma onyo lingine kwamba hata nje ya eneo hilo, chochote kitakachotishia majeshi yake kitachukuliwa hatua.

Belgrano ilikuwa kusini mwa visiwa, nje ya mstari kwa maili kama 35, ikisindikizwa na manowari mbili ndogo. Kaskazini kulikuwa na meli ya Argentina ya kubebea ndege za kivita. Makamanda wa Uingereza waliona mkasi unaotaka kufunga: huku ndege, kule mizinga mikubwa ya Belgrano, wao wakiwa katikati. Hofu yao ya pili ilikuwa tuta kubwa la chini ya bahari liitwalo Burdwood Bank. Pale maji ni mafupi. Belgrano ikikatiza pale, nyambizi ingeweza kuipoteza.

Nahodha wa Conqueror alikuwa ameiona meli kwa macho yake, lakini sheria alizopewa hazikumruhusu kupiga nje ya eneo. Kwa hiyo akafuata tu. Ruhusa ikaombwa London. Mei 2 mchana, mawaziri wakiwa Chequers, nyumba ya mapumziko ya waziri mkuu nje ya jiji, wakabadilisha sheria. Uamuzi ukasafiri kwa redio hadi kusini kabisa mwa dunia, kwa mtu aliyekuwa chini ya maji.

Sasa sikia hii. Nyambizi ya kisasa kabisa, yenye mtambo wa nyuklia, ilikuwa na topido mpya zinazoongozwa kwa waya. Nahodha hakuziamini. Akachagua Mark 8, topido zinazokwenda moja kwa moja tu, za muundo ulioanza kutumika miaka ya 1920. Na meli aliyoilenga nayo haikuwa mpya. Belgrano ilijengwa Marekani kwa jina la Phoenix, ikashushwa majini mwaka 1938, na Desemba 7, 1941 ilikuwepo Pearl Harbor siku Wajapani waliposhambulia. Ikatoka mzima. Ilinusurika asubuhi ile, ikaja kukutwa na hili miaka 40 baadaye.

DAKIKA ZENYEWE

Topido tatu zilifyatuliwa. Mbili zikapiga. Moja iling'oa pua ya meli. Ya pili ililipuka sehemu ya nyuma, kwenye chumba cha mitambo, na mlipuko ukapanda juu mpaka kwenye mabwalo ya chakula na sehemu ya mapumziko. Wengi wa waliokufa walikufa hapo. Umeme ulikatika papo hapo: pampu hazifanyi kazi, redio haiwezi kuomba msaada. Kwenye periskopu, nahodha wa Conqueror aliona mpira wa moto wa rangi ya chungwa, kisha akaipeleka nyambizi yake chini na kukimbia.

Kwenye Belgrano, nahodha alitoa amri ya kuiacha meli baada ya kama dakika ishirini hivi. Watu wakaingia kwenye maboti ya mpira. Manowari mbili za kusindikiza hazikujua kilichotokea kwa wakati, zikaendelea na safari mpaka giza likaingia. Usiku dhoruba ikapiga, maboti yakatawanyika. Waokoaji walianza kuwafikia watu siku iliyofuata, na kazi ikachukua siku kadhaa. Zaidi ya 700 waliokolewa. Waliokufa ni 323, wengi wao vijana, wakiwemo waliokuwa wanatumikia jeshi kwa mujibu wa sheria.

Vita nzima iliua Waargentina 649. Yaani karibu nusu yao walitokana na alasiri ile moja.

NANI ALIKUWA SAHIHI?

Kivita, matokeo yalikuwa makubwa kuliko meli yenyewe. Meli kubwa za Argentina zilirudi karibu na pwani yao na hazikutoka tena mpaka vita ilipokwisha Juni 14. Nyambizi moja ambayo hakuna aliyeiona ililifungia jeshi zima la majini. Ndege zao, zikiruka kutoka nchi kavu, ziliendelea kupigana. Mei 4 kombora likaipata HMS Sheffield na kuua Waingereza 20.

Lakini swali lilibaki: kwa nini kupiga meli iliyokuwa nje ya eneo, tena imegeuza inaelekea kwao? Mwaka 1983 mama mmoja, mwalimu, alimbana waziri mkuu moja kwa moja kwenye televisheni kwa swali hilohilo, asikubali kuzungushwa. Mwaka uliofuata ofisa mmoja wa wizara ya ulinzi alimpelekea mbunge nyaraka za siri kuhusu tukio lile. Akashitakiwa, na mwaka 1985 baraza la wazee wa mahakama likamwachia huru. Ikabainika pia kwamba kitabu cha kumbukumbu za safari cha Conqueror kimepotea, na hapo maneno yakazidi.

Wanaoutetea uamuzi wanasema meli ya vita inaweza kugeuka tena muda wowote, na onyo lilikuwa limetolewa. Hata nahodha wa Belgrano mwenyewe alikuja kukiri kwamba kilikuwa kitendo halali cha kivita. Nahodha wa Conqueror naye alisema jeshi lilikuwa limemwandaa kwa miaka 13 kwa ajili ya siku kama ile. Familia nyingi za marehemu hazijawahi kuridhika na majibu hayo.

Conqueror ilirudi Faslane Julai 1982 ikipeperusha bendera nyeusi yenye fuvu, desturi ya zamani ya nyambizi za Uingereza zinazotoka vitani na ushindi. Ilistaafishwa mwaka 1990. Leo Marekani, Urusi, Uingereza, Ufaransa na China zinazo nyambizi za mashambulizi za aina hii, India imewahi kukodi kwa Urusi, Brazil inajenga yake, na Australia imejiweka kwenye foleni kupitia makubaliano ya AUKUS ya mwaka 2021. Kila mmoja anataka kile kilichoonekana mwaka 1982: chombo kimoja kinachoweza kuwafanya wengine wote waogope kutoka bandarini.

Nyambizi hizi hazina dirisha. Siku ile, ndani ya Conqueror, wengi walisikia tu milipuko. Aliyeuona ule moto ni mtu wa kwenye periskopu, tena kwa muda mfupi. Waliobadilisha sheria walikuwa Chequers, umbali wa kilomita 13,000, na wala hawakusikia chochote.