Kinanda cha Rangi na Mchanga Uliojichora

Mwaka 1725, padri Mjesuiti wa Ufaransa, Louis Bertrand Castel, alitangaza katika jarida la Mercure de France kwamba muziki unaweza kutazamwa. Alikuwa amebuni kinanda ambacho kila kibonye kingefunua rangi yake: do buluu, mi njano, sol nyekundu. Oktava za juu zingekuwa na rangi zilezile zilizopauka, na za chini zingekolea giza. Hata kiziwi, alidai, angeufaidi muziki kwa macho. Habari zilienea Ulaya, na mwaka 1739 mtunzi Mjerumani Georg Philipp Telemann aliandika maelezo ya chombo hicho. Castel alihangaika nacho hadi alipofariki mwaka 1757, na hakikupata kamwe nafasi katika kumbi za muziki. Wanaomtetea husema alizaliwa kabla ya wakati wake. Utetezi huo ni mzuri mno kwake. Kinanda cha rangi kilikuwa na kasoro katika wazo lenyewe, na majaribio yaliyofuata yanaonyesha kwamba sauti huonekana kweli pale tu inapoachiwa ijichore yenyewe.

Wazo hilo lilikuwa na mzizi wa heshima. Katika kitabu chake cha mwaka 1704 kuhusu mwanga, Newton alizigawa rangi za upinde wa mvua katika saba na kuzilinganisha na ngazi ya muziki. Castel alimpinga Newton katika mengi, lakini undugu huo wa rangi na noti aliushikilia. Leo tunajua unakatikia wapi. Sikio la binadamu husikia mitetemo ya kuanzia kama 20 hadi 20,000 kwa sekunde, yaani takriban oktava kumi, ilhali mwanga wote unaoonekana kwa macho ni kama oktava moja tu. Ndiyo maana Castel alilazimika kuzirudia rangi zake kwa kuzipausha na kuzikoleza. Isitoshe, noti tatu zikipigwa pamoja, sikio lililozoea huzipambanua. Mwanga mwekundu na wa kijani vikikutana, jicho huona njano na kupoteza vyote viwili. Mwanafalsafa Rousseau naye aliongeza hoja isiyohitaji vipimo: rangi hukaa, sauti hupita, na uzuri wa wimbo umo katika kufuatana huko.

Atatokea wa kusema kwamba kosa lilikuwa la zana, kwamba mishumaa na vioo vya rangi visingeweza kuibeba ndoto kubwa namna ile. Hoja hiyo imekwisha kupimwa. Mwaka 1893 msanii Mwingereza Alexander Wallace Rimington alipata hataza ya kinanda cha rangi kinachotumia umeme, na mwaka 1895 akakionyesha London. Mrusi Alexander Scriabin, katika utunzi wake Prometheus alioukamilisha mwaka 1910, aliandika mstari mzima wa noti kwa ajili ya taa. Onyesho la kwanza, Moscow mwaka 1911, lilifanyika bila taa hizo. New York, mwaka 1915, ziliwaka. Umeme ulikuwapo, tatizo likabaki palepale. Do iliyokuwa buluu kwa Castel ilikuwa nyekundu kwa Scriabin, na kwa mtunzi mwenzake Rimsky-Korsakov ilikuwa nyeupe. Kama rangi ingekuwa imo ndani ya sauti, wanamuziki wenye masikio makali kiasi hicho wasingepishana. Kila mmoja alitueleza jambo kuhusu nafsi yake. Kuhusu do hatukujifunza lolote.

Njia ya pili ya kuionyesha sauti haikuhitaji jedwali la kulinganisha noti na rangi. Mwaka 1787 Mjerumani Ernst Chladni alichapisha maumbo ambayo hakuna aliyeyachagua. Alinyunyiza mchanga juu ya bamba jembamba, akaligusa kwa kidole mahali fulani, kisha akapitisha uta wa fidla ukingoni. Bamba lilipolia, mchanga uliruka kutoka sehemu zinazotetemeka ukajipanga kwenye mistari iliyotulia, zikatokea nyota, misalaba na duara. Akihamisha kidole, noti ilibadilika, na umbo likabadilika nayo papo hapo. Mfaransa Édouard-Léon Scott de Martinville naye, mwaka 1857, alipata hataza ya chombo chenye kiwambo kinachotetemeshwa na sauti na unywele mgumu unaokwaruza mistari kwenye karatasi iliyopakwa masizi. Hakikukusudiwa kurudisha sauti. Hata hivyo, mwaka 2008 watafiti wa Marekani waliisoma kwa kompyuta karatasi moja ya mwaka 1860, na wimbo ulioimbwa siku ile ukasikika tena. Anayelijua jedwali la Castel angeweza kuzipata noti kutoka kwenye rangi zake. Sauti ya mwimbaji asingeipata.

Yapo mapingamizi mawili yenye uzito. La kwanza: umbo la mchanga hutegemea bamba, kwa kuwa noti ileile kwenye bamba jingine huleta mchoro mwingine. Ni kweli, lakini hapo bamba ndilo ala, na mchoro ni mwenendo wa ala hiyo inapolia. La pili: hii ni fizikia, sanaa iko wapi? Jibu alilitoa mwimbaji wa Wales, Margaret Watts Hughes, ambaye kuanzia mwaka 1885 aliimba ndani ya mrija uliounganishwa na kiwambo, na kwa kuipandisha na kuishusha sauti yake akapata maumbo kama maua. Alichagua wimbo, nguvu ya pumzi na rangi ya kupaka. Umbo aliliachia sauti. Kipimo hicho, cha nani aliyeamua umbo, kinafaa hata kwa programu za leo zinazochezesha rangi kwenye skrini muziki unapopigwa. Pale mtu alipopanga rangi ipi ifuate noti ipi, tunatazama ladha yake, na ladha hiyo yaweza kuwa nzuri sana. Castel apewe heshima yake kama babu wa mafundi wa taa za jukwaani. Elimu ya sura ya sauti tunadaiwa na kina Chladni.