Kutoona Mbali

Kasoro za macho zinazoonekana usoni Kiswahili kimezipa majina siku nyingi: chongo, kengeza, vikope, mtoto wa jicho. Miopia, yaani kuona vya karibu vizuri na vya mbali kwa ukungu, haikupata jina la namna hiyo, nadhani kwa sababu haina alama. Jicho ni jeupe, linang'aa, na mtoto anasoma kitabu vizuri tu. Akikaa nyuma darasani ndipo 7 ya ubaoni anainakili 1, na mwalimu anamwona mzembe.

Wagiriki walilichukua jina kwenye tendo la mgonjwa: kufumba, kisha jicho, yaani mtu anayefinya macho ili aone. Na kufinya kunasaidia kweli, maana mwanga ukipita penye upenyo mwembamba ukungu unapungua.

Wapo wanaofasiri "uoni wa karibu". Siipendi. Inasifu kilicho kizima na kuficha kilichoharibika. "Kutoona mbali" ndivyo mgonjwa mwenyewe anavyomwambia daktari, ingawa mwenye mtoto wa jicho naye atasema hivyohivyo, na mitaani asiyeona mbali ni asiyewaza kesho. Basi kwenye cheti ibaki miopia, na mdomoni kutoona mbali.

Kilichoharibika, mara nyingi, ni urefu. Jicho la mtu mzima lina takriban milimita 24 toka mbele hadi nyuma. Likizidi milimita 1 tu, taswira inaangukia mbele ya retina, na namba ya miwani inapanda karibu dayopta 3. Ukiandikiwa -2, maana yake bila miwani mwisho wako wa kuona sawasawa ni nusu meta. Sahani yako unaiona, sura ya unayekula naye imefifia. Lenzi mbonyeo huirudisha taswira mahali pake.

Katika sababu za jicho kurefuka, urithi umo, na kuinamia maandishi saa nyingi kumo. Mwanga wa jua, kinyume chake, hukinga: Taiwan mwaka 2010 ilianza kuhimiza shule ziwatoe watoto nje dakika 120 kwa siku. Matone ya atropini hafifu hupunguza kasi ya jicho la mtoto kurefuka.

Leza huchonga konea, mtu akatupa miwani. Lakini jicho halikufupika. Aliyekuwa amevuka -6 bado ana retina iliyovutwa ikawa nyembamba, na glakoma humwandama kuliko wengine. Akiona ghafla vimulimuli, vidoa vyeusi vingi vinavyoelea, au kama pazia linashuka pembeni, retina huenda inabanduka, na hospitali ni siku hiyohiyo.