Huba na Ghera katika Picha za Bubu

Kata ya Mbangala leo imo katika mkoa wa Songwe, Tanzania, ulioundwa mwaka 2016. Lakini zama za Mwingereza ilihesabiwa katika nchi ya Chunya, iliyosifika kwa dhahabu ya Lupa, mbali mno na bahari na majumba ya senema ya Unguja, ambako jumba la Royal, lililosanifiwa na J. H. Sinclair, lilikuwa wazi tangu mwanzoni mwa miaka ya 1920. Kwa watu wa bara ya namna hiyo picha ilikuwa msafiri: ilifika kwa lori, pamoja na jenereta na kitambaa cheupe, ikaonyeshwa uwanjani baada ya Isha, kisha ikaenda zake.

Chimbuko moja kubwa la vichekesho vya bubu vya Marekani ni studio ya Keystone ya Los Angeles, aliyoiasisi Mack Sennett mwaka 1912. Charlie Chaplin na Mabel Normand walipocheza humo mwaka 1914, kisa aghalabu hakikuzidi robo saa wala hakikudai elimu: kijana amhusudu msichana, aja mwingine mwenye kofia nzuri zaidi, ghera yapanda, teke latupwa, na mmoja wao aishia majini.

Wakubwa wa serikali ya kikoloni walikuwa na shaka na furaha hiyo. Baadhi yao walihofu kwamba Mwafrika akimwona Mzungu akipigwa teke, na bibi wa Kizungu akibusiwa hadharani, haiba ya utawala ingepungua. Na hofu hiyo, kwa rai yangu, haikuwa ya kipuuzi, kwani utawala ule ulitegemea haiba kuliko askari. Basi Meja L. A. Notcutt alipoweka kambi ya kupiga picha za mafunzo huko Vugiri, katika milima ya Usambara, kati ya 1935 na 1937, picha 35 zilizotengenezwa hapo kwa fedha za shirika la Carnegie la Marekani zilihubiri safura, kodi na akiba ya posta. Zilipigwa bubu, na maneno yakatiwa katika sahani za santuri.

Idara ya filamu ya makoloni, iliyoundwa London mwaka 1939, iliendelea na ububu kwa makusudi: mfasiri alisimama kando ya kitambaa akieleza, na baina ya mawaidha Chaplin aliingizwa ili hadhira isitawanyike. Hapo mfasiri hakuwa na la kuongeza.

Ilipofika miaka ya mwanzo ya 1950 ndipo Tanganyika ikapata visa vyake vya Kiswahili, kama Muhogo Mchungu. Na kijana aliyeigiza humo, Rashidi Mfaume Kawawa, alishika uwaziri mkuu Januari 1962.