Njia ya Nchi Kavu: Watumwa wa Kilwa na Mkataba wa 1873

Kilima cha Wazo, kaskazini ya Dar es Salaam, hujulikana zaidi kwa saruji. Tangu mwaka 1966 mawe yake ya chokaa yamekuwa yakisagwa na kuchomwa ili kuijenga nchi, na barabara iendayo Bagamoyo hupita karibu na hapo ikiwa imejaa magari mchana na usiku. Upande wa bahari, mwendo usio mrefu, yapo magofu ya Kunduchi, yaani msikiti uliobomoka na makaburi ya nguzo, ambayo yanatuambia kwamba watu wa pwani hii walikuwa na miji, dini na biashara ya ng'ambo kabla ya Mjerumani wala Mwingereza kuiona. Tazama ramani, ewe msomaji, utaona kwamba mtu atokaye Mzizima kwenda Bagamoyo kwa miguu hana budi kupita ama pwani ya Kunduchi na Mbweni, ama nyuma ya kilima hiki.

Mwaka 1873 na 1874 maelfu ya watu walitembezwa kuelekea kaskazini katika ardhi hii ya Mrima, na hawakutembea kwa hiari yao. Habari zao hazitajwi sana madarasani. Katika masomo yetu watumwa huletwa kutoka bara hadi Kilwa, wakapakiwa katika majahazi, wakashushwa Unguja. Kisha hutajwa mkataba wa mwaka 1873, na mwalimu akafuta ubao. Ukweli ni kwamba mwaka ule biashara haikukoma. Ilishuka kutoka jahazini ikaanza kwenda kwa miguu.

Ili tuelewe jambo hili yafaa turudi nyuma kidogo. Kilwa haikuanza kuuza watu kwa wingi kwa ajili ya karafuu za Unguja. Mwaka 1776 Mfaransa mmoja aitwaye Morice alifanya mkataba na Sultani wa Kilwa, kwamba apatiwe watumwa 1,000 kila mwaka, kila mmoja kwa piasta 20, na Sultani apate piasta 2 kwa kila kichwa. Watumwa hao walikusudiwa kupelekwa katika visiwa walivyovitawala Wafaransa, ambavyo leo twaviita Morisi na Réunion, wakalime kahawa na miwa. Utaratibu wa mashamba yale ulikuwa uleule wa visiwa vya Amerika: shamba kubwa, zao moja, bwana mmoja, na mamia ya watu wasio na ujira. Kwa hiyo wale wanaosema kwamba biashara ya Atlantiki haikutuhusu sisi wa mashariki wanakosea. Katika watu wapatao milioni 12.5 waliopakiwa merikebuni kuvushwa Atlantiki, wengi mno walitoka Afrika ya magharibi na ya kati. Lakini kutoka Msumbiji, jirani zetu wa kusini, watu wengi walizungushwa Rasi ya Tumaini Jema hadi Brazili, hasa katika karne ya kumi na tisa, wakati Waingereza walipokuwa wakiwinda merikebu za watumwa upande wa magharibi. Mkondo mmoja ulipozibwa, maji yalitafuta mwingine. Jambo hilo tutaliona tena hapa kwetu.

Karafuu zilipostawi Unguja na Pemba, na Seyyid Said alipouhamishia utawala wake Unguja mwaka 1840, haja ya watu wa kulima ilizidi. Kilwa Kivinje ikawa ndiyo bandari kuu ya kuuzia watu. Hesabu za forodha zinaonyesha kwamba tangu mwaka 1862 hadi 1867 zaidi ya watumwa 90,000 walitolewa Kilwa, na wengi wao walipelekwa Unguja. Hao ni wale waliolipiwa ushuru tu. Walitoka nchi za Ziwa Nyasa, wakiletwa na misafara ya Wayao, Waarabu na Waswahili, kwa mtaji ambao mara nyingi ulikuwa ni mkopo wa matajiri wa Kihindi wa Unguja. Haifai tuwafiche wafanyabiashara wa rangi yetu wenyewe. Walikuwapo, nao walipata faida. Ila faida iliyobaki mikononi mwao ilikuwa haba ikilinganishwa na ile ya watu wa ng'ambo.

Katika maelfu hayo twamjua kwa jina binti mmoja wa Kiyao, Swema, ambaye habari zake ziliandikwa na mapadre wa Kikatoliki wa Unguja katika miaka ya 1860. Baba yake alikufa, ndugu zake wakafa, mama yake akaingia katika deni la nafaka. Mdai hakungoja. Ulipopita msafara, Swema akatolewa kulipa deni, akauzwa kwa dhiraa chache za nguo. Mama yake hakukubali kuachana na mtoto. Aliomba afuatane naye, akatwikwa pembe. Alipoishiwa nguvu njiani aliachwa afe, na mtoto akalazimishwa kuendelea na safari. Swema alifika Unguja akiwa hoi, hata akadhaniwa amekufa, akafukiwa. Mpita njia akasikia sauti yake, akamfukua na kumpeleka misheni. Nimeitaja habari hii kwa sababu inatuonyesha mlango ambao watu wengi waliingilia utumwani. Si wote waliotekwa vitani. Wengine, na hasa wanawake na watoto wasio na wa kuwatetea, waliingia kwa deni la magunia ya mtama.

Na hiyo nguo iliyonunulia watu, ilitoka wapi? Hapo ndipo Atlantiki inapotufikia tena. Tangu miaka ya 1830 nguo iliyopendwa kuliko zote katika pwani hii na bara yake ilikuwa merikani, na jina lenyewe latosha kuwa ushahidi. Wafanyabiashara wa Salem, katika jimbo la Massachusetts, walikuwa na mkataba na Seyyid Said tangu mwaka 1833, na balozi wao mdogo alikaa Unguja tangu mwaka 1837. Nguo zao zilifumwa kaskazini mwa Marekani kwa pamba iliyochumwa kusini, na wachumaji wa pamba ile walikuwa Waafrika waliokuwa watumwa, wajukuu wa wale waliovushwa Atlantiki. Basi nguo iliyotokana na jasho la mtumwa wa Alabama au Mississippi ilivuka bahari mbili, ikapandishwa bara mabegani mwa wapagazi, ikanunua pembe na kumnunua binadamu. Marejeo ya merikebu yalikuwa pembe za ndovu, na pia sandarusi, ambayo Wazaramo wa maeneo haya haya yetu waliichimba ardhini, ili ikatengenezwe vanishi ya kung'arisha samani za matajiri. Mzaramo mwenye jembe lake na mchuma pamba wa Mississippi hawakujuana kamwe, ila walikuwa katika daftari moja la hesabu.

Sasa tuje kwenye mkataba. Mwaka 1872 tufani kali iliangusha mikarafuu ya Unguja, lakini Pemba ilisalimika kwa sehemu kubwa. Bei ya karafuu ikapanda, na wenye mashamba wa Pemba wakataka watu zaidi. Wakati uo huo Uingereza ilimtuma Sir Bartle Frere kumshurutisha Seyyid Barghash akomeshe usafirishaji wa watumwa. Barghash alikataa. Frere akaondoka, kisha John Kirk, wakili wa Uingereza Unguja, akamtisha Sultani kwamba kisiwa kitazingirwa na manowari. Tarehe 5 Juni 1873 mkataba ukatiwa sahihi. Soko la Mkunazini likafungwa, na mwaka uo huo likawekwa pale jiwe la msingi la kanisa kuu la Waanglikana, lililopo hata leo.

Yatupasa kuusoma mkataba huo kwa uangalifu. Ulikataza kusafirisha watumwa kwa bahari, na ulifunga masoko ya hadhara. Haukukataza kumiliki mtu, wala haukukataza kumpitisha mtu barabarani. Mfanyabiashara wa Kilwa aliyekuwa na watu mia tatu ghalani hakuwa na haja ya mwanasheria kumweleza maana yake. Aliwafunga makongwa na minyororo akawapeleka kaskazini kwa nchi kavu, kuvuka Rufiji, kupita mabara ya Mzizima na Bagamoyo, hadi Pangani na jirani zake, ambako jahazi dogo laweza kuvuka mlango wa Pemba kwa usiku mmoja tu.

Mwingereza mmoja, Frederic Elton, alitumwa kwenda Dar es Salaam na kusini yake kuchunguza hali ilivyokuwa. Alihesabu misafara aliyokutana nayo au aliyopata habari zake za hakika. Kuanzia tarehe 21 Desemba 1873 hadi 20 Januari 1874 aliandika watumwa 4,096 wakielekea kaskazini. Mwezi mmoja! Ni wastani wa watu zaidi ya 130 kila siku. Mwanafunzi usomaye makala haya, chukua shule ya sekondari yenye wanafunzi mia nne, uifunge shingo kwa shingo, uipitishe mbele ya mlango wako. Siku tatu zikipita, ipitishe nyingine, na nyingine tena, mwezi mzima. Safari ambayo kwa jahazi ilikuwa ya siku chache sasa ilikuwa ya majuma kadhaa, kwa mtu ambaye tayari alikwisha kutembea kutoka Nyasa hadi Kilwa. Kwa aliyefungwa shingoni, mkataba ule ulikuwa ni kuongezewa njia.

Barghash, akisukumwa tena na Kirk, alitoa amri mbili mwaka 1876 za kukataza misafara ya watumwa ya nchi kavu. Hapo ndipo biashara kubwa ya Kilwa ilipoanza kuvunjika kweli, ingawa magendo hayakwisha. Kitabu cha James Mbotela kiitwacho Uhuru wa Watumwa, kilichotoka mwaka 1934, kiliwafundisha wasomaji wengi wa Kiswahili kuwashukuru Waingereza kwa ukombozi. Shukrani ya mtu aliyeokolewa siidharau. Lakini historia haina budi kuuliza pia juu ya miaka mitatu iliyopita kati ya mkataba na amri, na juu ya watu waliotembea katika miaka hiyo.

Kwa upande mwingine, wageni wapitao barabara hii kwenda Bagamoyo huambiwa kwamba mji ule ndio uliokuwa lango kuu la watumwa. Watumwa walipita Bagamoyo, hilo halina shaka. Lakini njia ya Bagamoyo hadi Tabora na Ujiji ilikuwa kwanza njia ya pembe, na wengi wa wabebaji wake walikuwa Wanyamwezi huru wenye kulipwa ujira, waliojua kugoma na kudai posho. Tukiwageuza wote kuwa watumwa tunawanyang'anya heshima yao.

Lugha yetu imehifadhi mengi ambayo mawe hayakuyahifadhi. Neno mjinga hapo kale lilikuwa jina la mtumwa aliyewasili karibuni kutoka bara, asiyejua lugha wala desturi za pwani. Mzalia alikuwa aliyezaliwa nyumbani mwa bwana. Na kibarua? Alikuwa mtumwa aliyekodishwa kwa siku, akapewa kijibarua cha kuonyesha kazi aliyoifanya, na sehemu ya ujira wake ikaenda kwa bwana wake. Sultani Majid alipoanza kuujenga mji wa Dar es Salaam katika miaka ya 1860, watumwa walikuwa miongoni mwa waliofyeka na kulima mashamba ya kuulisha. Leo kila fundi anayetafuta vibarua wa kubeba mifuko ya saruji pale Tegeta hulitamka neno hilo bila kujua limetoka wapi. Mimi naona si vibaya ajue.

Utumwa wenyewe, yaani hali ya mtu kumilikiwa, ulidumu zaidi ya usafirishaji. Unguja na Pemba sheria iliuondoa mwaka 1897, lakini masuria hawakuhesabiwa hadi mwaka 1909. Pwani ya Kenya ilingoja hadi mwaka 1907. Huku kwetu Wajerumani hawakuufuta. Walitoa hati za uhuru kwa mtu mmoja mmoja, na wakaamuru mwaka 1904 kwamba watoto watakaozaliwa baada ya mwaka 1905 wawe huru. Wazazi wao wakabaki walipo. Wengi hawakuingoja serikali. Walitoroka, wakahamia mijini, wakajiandikisha katika kazi za reli, wakachukua majina mapya na kuoa katika koo zilizowapokea, hata wakwe zao wakasahau, au wakajifanya wamesahau. Sheria ya kuondoa utumwa Tanganyika ilitungwa na Waingereza mwaka 1922, na mtoto aliyepitishwa njia hii mwaka 1874 akiwa na miaka kumi, kama alikuwa hai, alikuwa mzee wa miaka hamsini na minane.